Amri ya Mahakama Ikishatolewa, Ni Nani Huitekeleza?

(Hii ni mada tuliyoitoa mbele ya wasaidizi wa kisheria wa jamii katika semina ya siku mbili. Tumeifupisha kidogo ili ienee katika kurasa hizi.)



Wengi mmetoka mbali, na wengine mmeacha mashamba katikati ya palizi. Asubuhi mmefundishwa jinsi ya kufungua kesi, jinsi ya kuandika hati ya kiapo na mahali pa kumpata wakili anayejitolea. Sisi tumepewa sehemu ambayo husahaulika, yaani siku ile ya pili baada ya kushinda.

Katika vijiji tunavyovitembelea tumekutana na watu wenye hukumu nzuri kabisa. Mjane mmoja alitutolea yake kutoka mfuko wa plastiki, imekunjwa pamoja na kadi za kliniki za wajukuu. Ilikuwa na muhuri, ilikuwa na sahihi ya jaji, na ilitaja kiasi cha fedha ambacho ofisi moja ya umma iliamriwa kumlipa kwa sababu ya kifo cha mumewe. Tarehe yake ilikuwa ya miaka sita nyuma. Mama huyo aliamini kwamba mahakama ingemtuma mtu amletee haki yake, naye akawa anangoja. Mnamkumbuka mjane wa Injili ya Luka, yule aliyemsumbua kadhi mpaka akamwamulia? Mjane wetu alikwisha kuamuliwa. Kilichombakia kilikuwa ofisi yenye karani mlangoni.

Basi tuzungumze juu ya kosa linaloitwa kudharau mahakama. Watu wengi hudhani ni kumtukana jaji au kupiga kelele kesi ikiendelea. Hayo yamo, lakini sehemu inayotuhusu sisi ni kukaidi amri. Mtu ameamriwa afanye jambo, au aache jambo, naye anajua, anaweza, na hatii.

Maneno hayo matatu yashikeni. Anajua. Anaweza. Hatii kwa makusudi. Ongezeni na la nne, kwamba amri yenyewe iwe wazi, isiyo na maana mbili. Mahakama za Kenya hudai yote manne yathibitishwe kabla ya kumtia mtu hatiani, kwa sababu mwisho wa njia hii unaweza kuwa gereza. Tangu kesi ya Mutitika dhidi ya Baharini Farm, iliyoamuliwa na Mahakama ya Rufaa mwaka 1985, kipimo cha ushahidi kimekuwa cha juu kuliko kile cha kesi za madai za kawaida, ingawa hakifiki kabisa kile cha kesi za jinai. Ndiyo maana tutawasumbua mchana huu kuhusu mihuri na tarehe.

Na kama afisa anaona amri imekosewa? Aende kukata rufaa, na aombe amri isimamishwe wakati rufaa inangoja. Kukata rufaa peke yake hakusimamishi kitu. Kanuni za Mashauri ya Madai za mwaka 2010 zinasema hivyo. Mara ngapi mmefika ofisini mkaambiwa, "Tumekata rufaa," kana kwamba jambo limekwisha? Mkisikia hivyo, ulizeni kwa adabu: amri ya kusimamisha iko wapi?

Wepesi kwa wengine, wazito kwa wengine

Lazima tuseme ukweli kuhusu historia ya kosa hili kwetu. Kwa muda mrefu liliwaangukia watu wa kalamu kuliko watu wa ofisi. Mwaka 1994 Bedan Mbugua, mhariri wa gazeti la The People, na mwandishi David Makali walifungwa kwa kudharau mahakama, kwa sababu ya habari iliyohusu uamuzi katika mgogoro wa wahadhiri wa vyuo vikuu. Mwaka 1999 Tony Gachoka, mchapishaji wa The Post on Sunday, alihukumiwa kifungo cha miezi sita na Mahakama ya Rufaa kwa yale aliyoyachapisha juu ya majaji, akapelekwa gerezani. Hatusemi kila walichoandika kilikuwa sawa. Tunasema kwamba mlango wa gereza ulifunguka upesi.

Sasa tazameni mwaka 2018. Mwishoni mwa Januari serikali ilizima vituo vya televisheni vya NTV, KTN na Citizen kwa sababu vilitaka kuonyesha Raila Odinga akila kiapo katika bustani ya Uhuru. Tarehe 1 Februari Mahakama Kuu iliamuru virudishwe hewani. Siku zilipita bila matangazo kurudi. Okiya Omtatah, aliyekuwa amefungua kesi, alikwenda kuiwasilisha amri katika ofisi za Mamlaka ya Mawasiliano, asipokelewe, akaibandika nje. Wengine walicheka. Sisi tunaona alifanya jambo la busara sana, na tutalirudia.

Siku hizo hizo alikamatwa Miguna Miguna, wakili aliyeshiriki katika kiapo kile. Mahakama iliamuru aletwe mbele yake. Badala yake, usiku wa tarehe 6 Februari alipandishwa ndege kwenda Canada. Aliporudi mwishoni mwa Machi alizuiliwa uwanja wa ndege wa Jomo Kenyatta, amri nyingine zikatolewa, naye akasafirishwa tena, safari hii hadi Dubai. Jaji George Odunga aliwatia hatiani Waziri wa Usalama wa Ndani, Fred Matiang'i, Inspekta Jenerali wa Polisi, Joseph Boinnet, na Gordon Kihalangwa wa Idara ya Uhamiaji. Kila mmoja alitozwa faini ya shilingi 200,000, ikatwe katika mshahara wake. Desemba mwaka huo huo Mahakama Kuu iliamua kwamba haki za Miguna zilivunjwa, ikamtunukia fidia ya shilingi milioni 7. Lakini hakukanyaga ardhi ya Kenya hadi Oktoba 2022, baada ya serikali kubadilika. Mnaona pengo hilo: wakili anayejulikana dunia nzima, mwenye amri mkononi, alingoja zaidi ya miaka minne. Yule mama mwenye mfuko wa plastiki atangoja mingapi?

Kilichotuvutia katika uamuzi wa Jaji Odunga si ukubwa wa faini. Shilingi laki mbili si mzigo kwa waziri. Kilichotuvutia ni neno "mshahara". Kwa kawaida serikali ikitozwa, analipa mlipa kodi, nanyi mmo. Hapa jaji alitafuta mfuko wa mtu.

Kesi ya mwalimu kutoka Zaire

Mtatuuliza, je, waziri anaweza kweli kutiwa hatiani kwa kosa hili? Je, si mkono wa serikali, na mahakama si ya serikali hiyo hiyo? Swali hili lilijibiwa Uingereza, na linatuhusu kwa sababu mbili. Ya kwanza, kifungu cha 5 cha Sheria ya Mahakama yetu kinawapa majaji wa Mahakama Kuu na wa Rufaa uwezo ule ule wa kuadhibu walio nao majaji wa Mahakama Kuu ya Uingereza. Ya pili, aliyeleta kesi alikuwa mtu wa jirani yetu.

Mwalimu mmoja wa Zaire, ambayo leo ni Jamhuri ya Kidemokrasia ya Kongo, alifika Uingereza mwaka 1990 akaomba hifadhi. Katika karatasi za mahakama anaitwa M tu. Ombi lake lilikataliwa, na tarehe 1 Mei 1991 akawekwa kwenye ndege ya kumrudisha kupitia Paris, ingawa jaji alikuwa ameelewa kwamba wakili wa serikali ameahidi asiondolewe kwanza. Usiku ule jaji aliamuru arudishwe. Maafisa walianza kupanga safari ya kumrudisha. Kisha Waziri wa Mambo ya Ndani, Kenneth Baker, akishauriwa kwamba jaji hakuwa na mamlaka ya kutoa amri ile, akaifuta mipango hiyo.

Mahakama ya kwanza ilisema serikali ya Malkia haiwezi kudharau mahakama ya Malkia. Mahakama ya Rufaa ikakataa, ikamtia Baker hatiani yeye mwenyewe. Mwaka 1993 mabwana wa sheria katika Baraza la Malodi walikubali kwamba kosa lilitendeka, ila wakalielekeza kwa cheo chake cha uwaziri, si kwa nafsi yake. Hoja yao, kwa lugha ya kawaida, ilikuwa kwamba kama waziri hawezi kuulizwa, basi serikali itatii sheria inapopenda tu, kama anayetoa sadaka.

Kati ya njia hizo mbili, cheo au nafsi, sisi tunapendelea ile ya nafsi. Cheo hakilali njaa na hakikatwi mshahara.

Bunge letu lilijaribu kuweka mambo haya katika sheria moja, Sheria ya Kudharau Mahakama ya mwaka 2016. Ndani yake kulikuwa na kifungu cha kumpa afisa mhasibu notisi ya siku 30 ajieleze kabla ya kuchukuliwa hatua. Novemba 2018 Jaji Chacha Mwita aliibatilisha sheria yote, kwa kuwa wananchi hawakushirikishwa ipasavyo ilipotungwa na kwa kuwa iliingilia uhuru wa mahakama. Tangu hapo tumerudi kwenye kifungu cha 5. Mkikutana na kijitabu cha zamani kinachotaja sheria ile ya 2016, kiwekeni kando.

Fedha za serikali hazipigwi mnada

Tukae hapa kidogo, maana ndipo wengi wanapokwama. Ukimshinda jirani yako kortini naye akakataa kulipa, dalali wa mahakama atakwenda kuchukua ng'ombe au gari. Ukiishinda serikali, dalali hawezi. Kifungu cha 21 cha Sheria ya Mashauri ya Serikali kinakataza kushika mali ya serikali, na hivi sasa kinazilinda serikali za kaunti pia. Sababu yake ina mantiki, kwani hakuna anayetaka gari la wagonjwa lipigwe mnada. Lakini ulinzi huo umegeuzwa na wengine kuwa ruhusa ya kutolipa, na mahakama zimekemea jambo hilo tena na tena.

Njia iliyobaki ni ndefu, lakini ipo. Baada ya siku 21 tangu hukumu, mshindi anamwomba msajili wa mahakama ampe cheti cha amri, karatasi inayosema nani anamdai nani kiasi gani. Kama kuna gharama za kesi, nazo huwa na cheti chao. Vyeti hivyo vinapelekwa kwa Mwanasheria Mkuu na kwa wizara au kaunti inayohusika. Sheria inasema wazi kwamba afisa mhasibu, ambaye kwenye wizara ni Katibu wa Wizara, ndiye atakayelipa. Asipolipa, mshindi anarudi Mahakama Kuu kuomba amri ya kumshurutisha afisa huyo. Hapo ndipo jambo linabadilika. Deni lilikuwa la "serikali". Baada ya amri ya kushurutisha ni wajibu wa mtu mwenye jina, na akiupuuza anaitwa ajieleze kwa nini asiadhibiwe kwa kudharau mahakama.

Yule mjane alikuwa na hukumu tu. Hakuwa na cheti, wala hakuna aliyemweleza kwamba kuna kitu kinachoitwa cheti. Miaka sita ilipotea hapo. Na fahamuni kwamba riba huendelea kuhesabiwa wakati wote huo, hivyo afisa anayechelewesha anaipandishia umma gharama.

Maafisa hujitetea kwamba bajeti haikuwa na fungu hilo. Utetezi huu si uongo kila mara. Lakini mwaka wa kwanza wa fedha ukipita, na wa pili, na hakuna hata barua ya kuliomba fungu hilo, jaji ana haki ya kuuliza. Nanyi mnaweza kumsaidia wakili kwa kuleta barua mlizoandika na majibu mliyopata, au kutojibiwa kwenu.

Sasa turudi kwa Omtatah na karatasi yake ukutani. Kesi nyingi za kudharau mahakama huanguka kwa sababu moja: afisa anasema hakuijua amri. Siku hizi majaji hukubali kwamba mtu aliyeijua amri kwa njia yoyote, kwa mfano wakili wake alikuwa kortini ilipotolewa, hawezi kujificha nyuma ya mlango. Hata hivyo msitegemee huruma hiyo. Amri ichapishwe, itiwe muhuri, iwe na onyo mbele kwamba asiyetii aweza kufungwa. Ipelekwe na mpelekaji hati anayetambuliwa na mahakama, naye aape kwa maandishi aliipeleka lini na kwa nani. Nakala yenu igongwe muhuri wa kupokea. Karani akikataa kugonga, andikeni saa, mlango namba ngapi, alivaa nini, na nani alikuwa nanyi. Kisha ibandikeni.

Na jina. Barua zetu huanza "Kwa Katibu". Katibu gani? Maafisa huhamishwa, na aliyepo leo atasema amri ilimhusu aliyeondoka. Tafuteni nani anakalia kiti sasa na muipeleke kwake upya. Ninyi wasaidizi wa kisheria mnatambuliwa na Sheria ya Msaada wa Kisheria ya mwaka 2016, ingawa kusimama mbele ya jaji ni kazi ya wakili. Lakini kazi hii ya kufuatilia majina na mihuri, mawakili wengi hawana muda nayo. Ni yenu.

Kitengela, siku 32

Tumalizie na kesi ambayo wengi mliifuata redioni. Tarehe 19 Agosti 2024 wanaume watatu walichukuliwa na watu wasiojulikana huko Kitengela. Polisi walisema hawako nao. Chama cha Wanasheria wa Kenya kilikwenda Mahakama Kuu kutaka watu hao waletwe, wakiwa hai au vinginevyo. Jaji Lawrence Mugambi akamwita Gilbert Masengeli, wakati huo kaimu Inspekta Jenerali wa Polisi, aje aeleze. Hakuja. Aliitwa mara saba.

Tarehe 13 Septemba jaji alimhukumu kifungo cha miezi sita kwa kudharau mahakama, akiisimamisha adhabu kwa siku saba ili apate nafasi ya kufika. Angalieni ustadi wa jambo hilo: jina la mtu, adhabu inayoeleweka, na mlango wa kutokea. Kilichofuata hakikuwa kizuri. Walinzi wa jaji waliondolewa, na Jaji Mkuu Martha Koome akalikemea jambo hilo hadharani. Lakini tarehe 20 Septemba, siku ambayo muda ulikuwa unakwisha, Masengeli alisimama kortini akaomba radhi, na hukumu ikaondolewa. Siku hiyo hiyo, baada ya siku 32, wanaume wale watatu waliachiliwa wakiwa hai.

Kuna wanaosema mahakama ilishindwa kwa kuwa hakulala gerezani hata usiku mmoja, tofauti na waandishi wa 1994 na 1999. Tunaielewa hasira hiyo, na kwa sehemu tunaishiriki. Ila ukiwauliza wake na mama za wale watatu walichokuwa wanataka, hatudhani wangetaja kifungo kwanza. Kosa hili, linapohusu amri, lengo lake ni amri itekelezwe. Jambo linalotutia wasiwasi zaidi ni lile la walinzi, kwa sababu jaji atakayeandika amri ya namna hiyo kesho atakuwa amelikumbuka.

Hatutaki muondoke mkidhani njia hii inafika kila mahali. Mahakama ya Afrika ya Haki za Binadamu na Watu, iliyoko Arusha, iliamua mwezi Mei 2017 kwamba Kenya ilivunja haki za Waogiek kwa kuwaondoa katika msitu wa Mau. Juni 2022 iliamuru walipwe shilingi 57,850,000 kwa hasara ya mali na 100,000,000 kwa machungu waliyopata, ndani ya miezi 12, na wapewe hati ya ardhi ya jamii. Miezi 12 ilipita bila agizo kutimizwa, na Novemba 2023 familia nyingine za Waogiek ziliondolewa Sasimwani, kaunti ya Narok. Mahakama ile haina Katibu wa Wizara wa kumwita na kumtishia gereza. Hupeleka taarifa kwa Umoja wa Afrika. Wanaofanya kazi Narok na Nakuru, tungependa kuwasikia katika kipindi cha maswali, maana hapo mnajua kuliko sisi.

Baada ya chai tutagawanyika katika vikundi vinne. Kila kikundi kitapewa nakala ya hukumu moja ambayo majina yake yamefutwa. Tafuteni kwanza tarehe yake, kisha kama cheti cha amri kimeshachukuliwa, kisha jina la afisa anayepaswa kulipa leo. Waliokuja na hukumu za watu wao katika mikoba wazitoe, tutaanza na hizo.